Suti Isiyo na Mtu

Nianze na filamu yenyewe, maana nikiiacha mwisho nitakuwa nimeshachoka kuidharau.

Ni filamu bubu ya dakika kumi na moja, imepigwa zaidi ya miaka mia moja iliyopita. Mwanamume mwembamba mwenye masharubu yaliyopinda anapewa chupa na mzee muuza dawa. Anakunywa, anapotea. Inabaki suti na kofia, zinakwenda zenyewe barabarani na ndani hamna mtu. Kisha suti nayo inavuliwa, na mali za watu zinaanza kuruka hewani. Kuku wa kuchoma anaondoka kwenye sahani ya mteja hotelini. Mwavuli unampiga polisi matakoni, polisi anaanguka, wenzake sita wanamwangukia juu. Ndiyo hayo. Watu wamepata mashine mpya inayoweza kuwaonyesha dunia nzima ukutani, na kitu cha kwanza walichokifikiria ni kudokoa kuku wa mwenzao. Na kuku mwenyewe kafungwa uzi. Mimi na miwani yangu ya bei rahisi niliuona uzi huo mara ya kwanza tu nilipoitazama.

Balwinder akanieleza, kwa Kiingereza chake cha hapahapa Birmingham, kwamba upuuzi ndiyo raha yake. Nikamwambia upuuzi ninao wa kutosha nyumbani.

Balwinder ni binti wa Rajinder, na Rajinder ndiye niliyekunja naye mashuka ya hospitali kule Harborne kwa miaka kumi na tisa. Mama kakunja mashuka ili mtoto asome, na mtoto kaenda kusoma filamu bubu. Alipomaliza akapata watu wa sanaa wakamwachia ukumbi mmoja Balsall Heath, Jumamosi nne mfululizo, awaonyeshe wakazi filamu hizo, kila kundi kwa lugha yake. Wapunjabi walishapata yao. Sasa ilikuwa zamu ya Waswahili, na mama yake alishamwambia kwamba mimi, Mwanakhamis, zamani nilikuwa nikisimulia sinema Unguja.

Ni kweli. Enzi zetu kulikuwa na siku za zanana: sinema nzima wanawake watupu, na watoto wachanga, na karanga. Filamu za Kihindi, na Kihindi chenyewe wengi hawakijui. Mimi nilikulia ukuta mmoja na fundi cherehani wa Kihindi, nikakijua. Basi nilikuwa nikikaa katikati ya ukumbi na kusema kwa sauti nani anadanganya na nani analia kwa nini. Nisipoelewa nilitunga. Na kama ukumbini mna mwanamke aliyemchukulia mwenzake mume, nilimtia humohumo ndani ya filamu, bila jina, na kila mtu akajua.

Hicho ni kijembe, na kina adabu yake. Anayepiga hataji jina. Anayepigwa hatikisiki: anatafuna karanga zake, anajipepea, anatazama mbele. Ukijibu umekiri. Mtu yeyote aliyelelewa pwani analijua hilo kabla hajajua kufunga viatu.

Sasa Habibo.

Habibo ni Msomali aliyekulia Eastleigh, Nairobi, na ndiye mtu pekee katika mji huu ambaye hajawahi kunichosha. Kazi yake ni kuwahudumia wazee majumbani mwao, kuwaogesha na kuwalisha. Jumanne na Alhamisi huenda Great Barr, upande wa pili wa mji, kwa mzee mmoja asiyeinuka kitandani. Ameshakwenda huko miaka minne. Akirudi hupitia kwangu tunywe chai, na haongei mabaya ya mzee yule hata siku aliyomtapikia. Mimi ningeongea.

Miaka saba nyuma, mumewe Tahlil alisema anamsindikiza rafiki uwanja wa ndege. Hakurudi. Habibo alipofungua kabati alikuta mbao. Kumbe bwana alikuwa akihamisha nguo zake kidogo kidogo wiki nzima, shati leo, suruali kesho. Yule wa filamu angalau aliacha suti. Tahlil alibeba mpaka vitundikio.

Na hakumwacha. Hilo ndilo jambo lenyewe, mengine yote ni mapambo. Hakuandika talaka wala hakutamka, akaenda zake. Habibo akabaki si mke, si mjane, si mtalaka. Alikwenda kwenye baraza la mashekhe, na sheikh akamwambia kwa upole kwamba aliyepotea ana hukumu yake na aliyekataa ana hukumu yake, lakini huyu wa kwake hajapotea, kwa sababu ndugu zake wanaleta salamu zake kila Ijumaa. Leta anwani, akasema, tumwandikie barua tatu. Habibo hakuwa na anwani. Mwaka wa onyesho hili, elfu mbili na kumi na nane, sheikh alimwambia wazi: mwezi wa Novemba ukiisha bila anwani, faili litafungwa na itabidi aanze moja. Na kuna bwana mmoja Mzanzibari, Mkubwa, fundi wa mafriji, mgane, mtu wa heshima zake, ambaye posa yake ilikuwa imekaa mlangoni kwa Habibo mwaka wa pili ikingoja ruhusa ya kuingia.

Mwenye kuleta salamu hizo alikuwa Dahir, kaka wa Tahlil, mwenyekiti wa jumuiya yetu. Namjua Dahir. Ni mtu anayeomba dua ndefu mbele ya chakula cha wengine. Mwaka wa kwanza alisema Tahlil yuko Minneapolis. Mwaka wa tatu yuko Nairobi kwa mambo ya kiwanja. Baadaye akachoka kutunga miji, akawa anasema tu, "Yuko safarini, anakusalimu." Na Habibo, maskini, anaitikia salamu. Nilikuwa nikimtazama Dahir akisema hivyo nikaona uzi kabisa, kama ule wa kuku, ila sikujua umefungwa wapi.

Balwinder akachapisha vikaratasi vya kutangaza onyesho. Picha ni ile suti imesimama, kofia juu, glavu zinaning'inia, na mahali pa uso hamna kitu. Nilitia vichache kwenye mkoba niwagawie watu wa kazini, nikasahau. Habibo alikiona kimoja mezani kwangu, kisha akaniona mimi nikitabasamu peke yangu.

"Dada, mimi nakujua," akasema. "Usipeleke maneno yangu huko kwa hall. Watu washaniongea ya kutosha. Nipromise."

"Sitamtaja mtu," nikamwambia.

Nilijua ninachosema, na yeye, mtu wa Nairobi, hakujua.

Jumamosi ile ya Novemba baada ya adhuhuri ukumbi ukajaa. Wazanzibari upande mmoja, Wasomali wa Kenya upande wa pili, Wakongo wachache nyuma karibu na mlango ili wakichoshwa waondoke. Dahir akafungua kwa hotuba ambayo ilikuwa ndefu kuliko filamu. Alituhimiza tushikamane. Safu ya pili alikaa dada yake, Ladan, na mkufu wake na simu yake, amejaza kiti na kingine ameweka mkoba. Ladan kazaliwa Majengo, Mombasa, kakulia kwenye harusi za pwani, na mipasho anaijua vizuri kuliko sala ya jeneza. Habibo alijiweka nyuma kabisa, kwenye birika la chai, kana kwamba yeye ndiye mwenyeji wa vikombe.

Mapazia yakavutwa. Mimi nilikaa kando ya ukuta, maikrofoni mkononi, nikaanza kwa uaminifu. Huyu ni muuza dawa. Huyu ni mteja. Hii ni chupa. Watu wakapiga miayo. Suti ikatembea, mtoto mmoja akacheka, mama yake akamwambia anyamaze. Nilimdharau kila mtu humo ndani, nikianza na mwenye masharubu, na nilikuwa nimeshaamua kumaliza kazi kwa salama niende zangu.

Kisha likaja tukio ambalo Balwinder hakuwa amenionyesha sawasawa, au mimi sikulitilia maanani. Mke wa yule bwana anatokea. Anamtafuta. Anainama kutazama uvunguni, anafungua kabati, anatoka mlangoni na taa mkononi, anarudi, anakaa kitandani. Na bwana yumo humohumo chumbani, haonekani, anamvuta ushungi na kucheka. Hiyo ndiyo iliyokuwa sehemu ya kuchekesha.

"Huyu mnayemwona hamumwoni," nikasema kwenye maikrofoni, "anaitwa Bwana Hayupo. Na huyu ni mkewe. Mtafute bibi, mtafute, tazama na kabatini. Kabati tupu? Ndiyo desturi yake. Basi waulize ndugu zake. Wako sebuleni, wanakunywa chai yako. Waulize Bwana Hayupo yuko wapi. Watakwambia: hayupo, lakini anakusalimu."

Upande wa Wazanzibari mtu alicheka puani. Mwingine akapiga kigelegele kifupi, akakimeza. Nikaona mabega ya Dahir yanapanda. Hakugeuka, angalau huyo alijua adabu. Ladan naye alikuwa akijipepea na kikaratasi cha Balwinder, taratibu, akitazama mbele. Alikuwa akifanya vizuri sana. Laiti angeendelea hivyo, ingekwisha kuwa soga la wiki moja.

Lakini hotelini kuku akaruka, nami ningemwachaje kuku?

"Haya, mtazameni. Mwanamume mzima, anadokoa sahani za watu. Mnajua kwa nini? Hana jiko. Hana wa kumpikia wala wa kumfulia. Mnadhani ni dawa iliyompoteza? Dawa gani. Nguo ndizo zilizomkimbia, kwa harufu. Mwanamke gani atamweka huyu ndani? Analala vibarazani, anakula makombo, na ndugu zake wanaona haya kumtaja, ndiyo maana wanasema yuko safarini."

Kikaratasi kikasimama mkononi mwa Ladan.

"Bwana Hayupo," nikaendelea, polepole, "miaka saba hajaoga."

Ladan akainuka. Mkoba ukaanguka, vitu vikamwagika chini, hakuvitazama.

"Wacha urongo, Bi Mwanakhamis," akasema, na sauti yake haikuhitaji maikrofoni. "Ndugu yangu hadokoi sahani ya mtu. Tahlil apikiwa asubuhi na jioni. Mke anaye wa kumpikia na kumfulia, na nyumba yake hapo Great Barr yang'aa kuliko hicho kijumba chako. Usimfanye ndugu yangu maskini mbele za watu."

Balwinder peke yake ndiye aliyecheka, kwa kuwa alikuwa anatazama filamu.

"Nani kamtaja Tahlil?" nikauliza kwenye maikrofoni.

Dahir akamshika dada yake mkono akimwambia, "Kaa chini, walaal, dada yangu, kaa chini," lakini maji yalishamwagika. Pale ukutani, bila kungoja mtu, filamu ikafika mwisho wake. Yule bwana asiyeonekana anakimbizwa na mtaa mzima, anajikwaa, anatumbukia kwenye hori la unga la muoka mikate, na anatoka mweupe kuanzia kichwa hadi miguu, kila mtu anamwona, na wanawake wanamfuata na mifagio. Nikashusha maikrofoni. Hakuna aliyekuwa anahitaji tafsiri.

Habibo akaweka kikombe chini, akaja mbele akipita katikati ya viti. Hakulia, hakupaza sauti. Alisimama mbele ya Ladan.

"Great Barr wapi?"

Ladan akawa anaokota vitu vyake chini kimoja kimoja.

"Shemeji, tuongee pembeni," akasema Dahir. "Haya ni mambo ya family, si ya hall."

"Mimi niko Great Barr kila Tuesday na Thursday," Habibo akasema. "Miaka nne. Wapi?"

Dahir akaanza kusema kuhusu subira. Nilitaka kumpiga na maikrofoni. Ndipo Fadumo, jirani yake Habibo, mwanamke aliyekula iftari kwake Ramadhani ya mwaka ule ule, akamvuta ncha ya mtandio na kumnong'oneza jina la barabara na namba. Mlango wa buluu, akasema, nyuma ya maduka. Habibo akamgeukia.

"Ulikuwa unajua?"

"Mimi nilifikiria unajua," Fadumo akasema.

Na mwingine nyuma yake akasema alidhani anajua. Na mzee Idarous, wa upande wetu sisi Wazanzibari, ambaye aliwauzia Tahlil na mke wake mpya zulia la sebuleni, akasema yeye alidhani wameshaachana zamani. Kumbe nusu ya ukumbi walikuwa wakimwona Tahlil siku zote, wanamsalimia sokoni, wanampa mkono wa Idi, wanaulizia hali ya mtoto wake. Hakuna dawa aliyokunywa. Alikuwa haonekani na mtu mmoja tu, na dawa tuliichanganya sisi. Nasema sisi kwa kuwa nami nilikuwa nimekaa katikati yao miaka saba, na ulimi wangu huu, na macho yangu haya ninayojivunia, na sikuona kitu. Nilijidharau hapo kuliko nilivyomdharau mwenye masharubu.

Nje, kwenye baridi, Habibo alivaa koti lake bila kunitazama.

"Uliniahidi."

"Sikumtaja mtu."

"Usiniletee hiyo, dada. Umenianika hapo kama nguo."

Nilikuwa na majibu manne. Sikutoa hata moja, na kwa mtu kama mimi hiyo ni saumu. Akafunga vifungo vyote mpaka shingoni.

"Kesho twende," akasema. "Na wewe ndio utagonga, mimi mkono wangu hauwezi."

Jumapili tukapanda basi mjini, tukakaa ghorofa ya juu mpaka Great Barr. Habibo alijua kila kituo. Alipoonyesha nyumba ya mzee wake na kisha akahesabu milango hadi kwenye kona, tukaona kwamba kutoka hapo hadi mlango wa buluu ni barabara mbili. Barabara kuu ya magari ilikuwa inavuma nyuma ya nyumba. Mbele ya mlango kulikuwa na baiskeli ya mtoto, ya waridi, na gari lililooshwa vizuri. Ladan hakusema uongo, nyumba iling'aa.

Niligonga. Mlango ukafunguliwa na msichana wa miaka kama sita, bado na nguo za kulalia, bakuli la nafaka mkononi.

"Salama, mwanangu. Baba yupo?"

Kiswahili alikielewa, niliona machoni. Akageuza shingo kutazama sebuleni, akasikiliza, kisha akaturudia.

"Dad says he's not in," akasema.

Nimeishi miaka sitini na nimeona wanaume wa kila namna, lakini yule aliyemtuma mtoto wake aseme kwamba yeye hayupo, tena kwa kumnong'oneza kutoka nyuma ya pazia, sikuwahi kumwona, na hata siku ile nilimwona miguu tu. Ilikuwa imetokeza chini ya pazia la sebuleni, soksi za kijivu, kidole gumba cha kushoto kimetoboa. Wale wa filamu angalau walijitahidi kwa nyuzi.

"Bwana Hayupo," nikaita, "soksi yako imetoboka."

Pazia likatulia kidogo, kisha akatoka. Alikuwa amenenepa. Kavaa suruali ya mazoezi ambayo haijawahi kuona mazoezi. Akamwambia mtoto aende juu kwa mama yake, mtoto akamkumbusha kwa Kiingereza kwamba mama yuko kazini, akamwambia aende juu hivyohivyo.

"Habibo," akasema. "Karibuni ndani. Kumeingia baridi."

"Hatuingii," Habibo akasema. "Andika."

"Wallahi nilikuwa nataka kukutafuta. I was going to call. Ni vile tu, ukingoja kitu siku moja, inakuwa ngumu siku ya pili, unajua. Sikutaka kukuumiza."

"Andika."

Akajipapasa mifukoni kama kwamba karatasi zinakaa kwenye suruali za mazoezi. Akasema ndani hana kalamu. Nikafungua mkoba wangu. Kalamu nilikuwa nayo, karatasi sikuwa nayo ila vile vikaratasi vya Balwinder, nyuma ni vyeupe. Nikampa kimoja. Akaegemea fremu ya mlango akaandika, nami nikamtamkia maneno, maana mwenyewe alikuwa amesahau hata Kiswahili: mimi Tahlil fulani bin fulani, wa anwani hii, nimemwacha mke wangu Habibo binti fulani, kwa hiari yangu, nikiwa na akili zangu.

"Akili zako uziache hivyohivyo, usizikate kwa mstari," nikamwambia, kwa kuwa alikuwa amesita hapo.

Alipofika mahali pa sahihi akainua kichwa. Sijui alitaka nini. Pengine alitaka aonekane mtu.

"Nilikuwa nakuona," akamwambia Habibo. "Hapo bus stop. Tuesday na Thursday. Ulikuwa na koti la kijani, halafu ukanunua hili. Ile siku ya theluji, mwezi wa tatu, bus zilisimama, ulikuwa umekaa pale na mfuko wa nailoni kichwani. Nilipita na gari. Nilitaka sana kukupa lift."

Nilifungua mdomo. Habibo akaniwekea mkono, nikaufunga.

"Naikumbuka hiyo siku," akasema. "Nilitembea mpaka Perry Barr. Weka sign. Weka na tarehe."

Akaweka sahihi, akaweka na tarehe. Habibo aliisoma karatasi yote kutoka juu hadi chini, akaikunja mara mbili, akaitia ndani ya koti. Nilitia saini kama shahidi baadaye kwenye basi, juu ya goti langu, na dereva alikuwa akifunga breki makusudi nadhani, maana saini imepinda. Habibo alikuwa anatazama dirishani. Tulipopita kituo kile kisicho na paa, kile cha theluji, akageuza uso upande wangu mpaka tukapita.

"Bado nimekukasirikia," akasema tukikaribia mjini.

"Kasirika. Utakunywa chai?"

"Nitakunywa."

Jumatano, Novemba bado haijaisha, tukaenda kwenye baraza. Ni chumba kidogo juu ya duka la vitambaa, meza moja, mafaili ukutani. Mkubwa alitupeleka na gari lake la mafriji, akabaki nje, hakutaka hata kupanda ngazi kabla mambo hayajawa halali, na huyo ndiye mwanamume mmoja katika hadithi hii ambaye sina la kumsema. Sheikh akavaa miwani akaisoma karatasi polepole, akaniuliza kama sahihi ni yangu, nikasema ni yangu, kupinda ni kwa basi la mji. Akamuuliza Habibo kama mume aliandika mbele ya macho yake. Akasema ndiyo. Sheikh akavuta faili, akaandika, akaeleza eda itaanza lini na itakwisha lini. Habibo aliitikia kila neno, mikono yote miwili juu ya meza.

Kisha sheikh akaigeuza karatasi atafute mahali pa kugonga muhuri, akakuta upande wa pili ile suti imesimama, kofia juu, glavu zinaning'inia, na katikati hamna kitu.

"Na hii picha ni ya nani?" akauliza.

Mimi nilishavuta pumzi, nina maneno tayari. Habibo akanitangulia.

"Ni yake huyo aliyeandika."

Sheikh akaitazama ile picha, akamtazama Habibo, akagonga muhuri.